Vishaba wa Endahari

Shule ya Msingi Endahari,
S.L.P. Karatu.
14 Machi 1982

Baba Mdogo Wilibrodi,

Shikamoo. Natumaini wewe, Mama Mdogo Marsela na wadogo zangu hapo Musoma ni wazima. Huku tunaendelea, ila Bibi macho yamezidi kumsumbua, sasa anatutambua kwa sauti tu. Kila nikienda kumwona huniuliza, "Mwanangu ameandika?" Namwambia utaandika. Kaka Thomasi alichaguliwa kuwa mwenyekiti wa kijiji mwezi wa Januari, labda amekwisha kukuarifu mwenyewe. Mkewe amejifungua mtoto wa kike, wamembatiza Lukresia, jina la marehemu mama yetu. Mvua zimechelewa, na sabuni haipatikani hata kwa dawa.

Baba Mdogo, hasa nataka kukueleza habari za mto. Wale samaki wetu wadogo, vishaba, wamekwisha. Tangu Krismasi sijamwona hata mmoja, na mimi hupita mtoni kila siku nikienda shule. Utakumbuka ulinipeleka pale nilipokuwa darasa la tatu, ukamkamata mmoja kwa kiganja, tumbo lake likang'aa kama shaba iliyosuguliwa. Ukaniambia, "Mtazame vizuri huyu. Mungu amemweka katika mto huu mmoja, toka chemchemi mpaka maji yanapoishia kwenye chumvi ya Ziwa Eyasi. Nenda mto mwingine wowote duniani, humkuti." Nimewafundisha watoto wa shule maneno hayo hayo miaka mitatu sasa.

Watu wetu hawali samaki, wewe unajua, lakini wazee husema maji yenye kishaba hunyweka. Sasa kishaba hayupo, na watu wanasema maji yametiwa sumu. Mwezi uliopita ndama wawili wa Mzee Josephati walikufa. Bwana Mifugo alikuja akasema ni ndigana, ile homa ya kupe, hakuna aliyemsikiliza. Kila mdomo unamtaja Mzee Matano, yule wa kutoka Kondoa anayelima vitunguu kwa mfereji pale chini ya chemchemi. Wanasema ni dawa yake ya wadudu.

Wewe ndiye Bwana Samaki, na ni wa ukoo huu. Tafadhali niandikie ni vitu gani vinavyoweza kuwamaliza samaki wadogo namna hii. Neno lako litasikilizwa kuliko la mwalimu wa kike.

Mwanao,
Cresensia


Musoma,
2 Mei 1982

Mwanangu Cresensia,

Marahaba. Barua yako nimeipata ikiwa imechakaa kama imetembea kwa miguu. Nisamehe kwa kuchelewa kujibu, nilikuwa visiwani kikazi wiki tatu. Mama Mdogo wako hajambo, anakusalimu. Patrisi ameingia kidato cha kwanza, ana kiburi cha kaptula mpya. Mwambie Bibi macho hayo yapelekwe hospitali, asikubali kutiwa majani.

Kuhusu samaki. Dawa za wadudu zinaweza kuua samaki, jambo hilo linajulikana. Sina la kuongeza. Thomasi ndiye serikali ya kijiji, na kazi ya serikali ni kuamua mambo kama hayo. Wewe ni mwalimu, shika chaki yako. Ukijiingiza katikati ya wazee na mgeni wao utaumia pande zote mbili.

Wasalimie wote.

Baba yako mdogo,
Wilibrodi

N.B. Je, katika mto mmewahi kuona samaki mkubwa kiasi cha kiganja na nusu, mwenye mstari mweusi ubavuni na mdomo mpana? Ukimwona usimwonyeshe mtu. Niandikie mimi kwanza.


Endahari,
6 Juni 1982

Baba Mdogo,

Shikamoo. Sisi wazima. Bibi tulimpeleka hospitali, wamesema ni mtoto wa jicho na kwamba asubiri. Anasubiri. Mvua zilikuja mwishoni mwa Aprili zikaondoka bila kuaga, mahindi ni ya kubahatisha.

Nimeisoma barua yako mara nyingi, na kila mara macho yangu yanatelemka chini kwenye ile N.B. Mimi nilikuuliza kinachoua samaki. Wewe ukaniuliza habari za samaki ambaye sijawahi kumsikia.

Nikaenda kumtafuta. Mke wa Mzee Matano, Mama Mwajabu, ndiye jirani yangu, na ndiye aliyenilea nilipougua homa ya matumbo mwaka juzi wakati ndugu zangu wenyewe waliogopa kuingia ndani. Sasa wanawake wenzake hawampi zamu kisimani. Akifika, wananyanyua ndoo zao na kuondoka, kama vile yeye ndiye sumu. Nilimwomba twende pamoja na tenga lake la kuvulia takataka. Tulikwenda kwenye kina kirefu chini ya daraja la magogo, tukatega tenga kwa chambo cha minyoo, tukakaa.

Samaki alipotoka, Mama Mwajabu aliruka nyuma. "Hiki nini, Mwalimu?"

Kiganja na nusu, mstari mweusi ubavuni. Mdomo ulikuwa mpana kuliko kichwa. Nikampasua pale pale juu ya jiwe. Tumboni mlikuwa na vishaba watatu, mmoja bado anang'aa.

Kwa hiyo, Baba Mdogo, nakuuliza kwa heshima yote: ulijuaje?

Jambo jingine. Jumapili niliingia kwa Kaka Thomasi nikamkuta anasoma barua. Aliponiona aliikunja haraka akaitia ndani ya koti. Nikauliza inatoka kwa nani, akasema inatoka wilayani. Lakini mwandiko juu ya bahasha nilikwisha kuuona. Ule mkia mrefu wa herufi y hauna mwenyewe mwingine ninayemjua.

Sijamwonyesha mtu yule samaki. Nimemtia chumvi nikamkausha, nimemweka kabatini.

Mwanao,
Cresensia


Musoma,
20 Julai 1982

Cresensia,

Salamu. Hapa hatujambo.

Barua yako haikunifurahisha. Baba yako alipofariki nilikuchukua ukiwa na miaka tisa, ukala nilichokula na kusoma nilipokutuma. Sikufanya hivyo ili siku moja uje kunihoji kama polisi. Barua ninayomwandikia Thomasi ni ya mwanamume kwa mwanamume.

Kuhusu huyo samaki: mayai ya samaki husafiri kwenye miguu ya ndege wa majini. Ndege hutua ziwa hili, kesho hutua mto ule. Ndiyo maana niliuliza. Ni swali la kitaalamu tu, wala halina siri. Mtupe huyo uliyemkausha, ataleta funza kabatini.

Nakukataza kuendelea na jambo hili. Matano ana ndugu yake Karatu mjini, yule Haji mwenye duka. Akiondolewa shambani hatalala nje.

Nimempa dereva wa lori kifurushi chako, kuna kitenge cha Kongo. Shona gauni, uvae kwenye Kipaimara cha watoto wa Thomasi.

Baba yako mdogo,
Wilibrodi


Endahari,
29 Agosti 1982

Baba Mdogo,

Shikamoo. Kitenge nimekipata, rangi zake nzuri. Sijakishona. Sijui umenipa kwa ajili ya Kipaimara au kwa ajili ya kunyamaza, na mpaka nijue kitakaa kwenye kifurushi chake.

Bibi ameacha kutoka nje peke yake. Kalukresia kadogo kameota meno mawili.

Uliponiandikia habari za ndege wa majini nilijaribu kuamini, kwa kuwa wewe umesoma elimu ya samaki na mimi sikuisoma. Lakini sikuelewa kwa nini ndege huyo anifanye nikatazwe. Basi nilianza kuuliza wazee kama kuna mtu aliyewahi kuleta samaki huku. Mzee Inosenti, yule anayepiga kengele kanisani, alikumbuka kitu kimoja tu: kwamba zamani kidogo gari la serikali liliharibika juu kule ukingoni mwa msitu, likalala siku mbili, na mlinzi wa msitu wakati huo alikuwa Mmasai aitwaye Saruni. Sasa Saruni anachunga ng'ombe wake Nainokanoka.

Shule zilipofungwa nilipata lifti ya lori la mahindi mpaka juu ya kreta, kisha nikatembea. Baridi ya kule inaingia mpaka kwenye meno. Nililala kwa mwalimu mwenzangu, asubuhi nikaelekezwa boma la Saruni. Nilimkuta anamkamua ng'ombe mwenye kidonda.

"Takwenya," akaniamkia.

"Iko," nikamjibu, na hapo Kimasai changu kikaisha.

Akacheka, tukaendelea kwa Kiswahili. Nikamwuliza kama anakumbuka gari lililolala msituni.

"Landrova," akasema bila kufikiri. "Mwaka wa sabini na moja. Ilivunjika ekseli. Nyuma kulikuwa na mapipa manne."

"Ya mafuta?"

"Ya maji. Maji yenye samaki wadogo. Mimi nilicheka. Nikasema, serikali inachunga hata samaki! Yule bwana hakucheka. Alikuwa anatia mkono ndani ya pipa, anautoa, anautia tena. Akasema maji yanachemka, wanakufa. Jua lilikuwa kali sana. Akaniomba nimsaidie kubeba."

"Mkabeba mpaka wapi?"

"Kwenye kile kidimbwi cha juu, chemchemi inapotoka kwenye mwamba. Tukamwaga mapipa yote manne. Halafu akaniambia, Saruni, wewe hukuona kitu. Nikamwambia, mimi ni mtu wa ng'ombe, samaki siwaoni hata wakiwepo."

Nikamwuliza jina la yule bwana. Akanitazama usoni muda mrefu, Baba Mdogo. "Jina nimesahau," akasema. "Lakini alikuwa na paji la uso kama lako."

Sasa najua pia kwa nini ilichukua miaka yote hii. Kidimbwi cha juu kilikuwa na ukingo wa mawe, maji yalichuruzika kidogo kidogo tu kuja chini. Mvua kubwa za mwaka wa sabini na tisa zilibomoa ule ukingo. Nimepanda kuuona. Tangu hapo njia ni wazi.

Nina jambo moja baya la kukiri. Barua yako kwa Thomasi nimeisoma. Mkewe aliniomba nimfulie lile koti. Umeandika tarehe 20 Februari, kabla mimi sijakuandikia lolote, ukamwomba akutafutie shamba lenye maji la kukaa ukistaafu, "kama lile la Matano, endapo litapatikana." Je, ulitaka lipatikane vipi?

Mkutano wa kijiji wa kumjadili Mzee Matano ni Jumamosi, tarehe 9 Oktoba. Njoo useme mwenyewe, au andika barua nitaisoma mbele ya watu. Usipofanya lolote kati ya hayo, nitasema mimi.

Cresensia


SIMU YA MAANDISHI
KUTOKA MUSOMA 24 SEPTEMBA 1982
KWA MWALIMU CRESENSIA ENDAHARI KARATU

USISEME LOLOTE. BARUA YAJA. WILIBRODI


Endahari,
17 Oktoba 1982

Baba Mdogo,

Shikamoo. Bibi hajambo. Wengine hawajambo.

Baada ya simu yako nilikwenda posta Karatu mara tatu. Mara ya mwisho ilikuwa Ijumaa ya tarehe 8, siku moja kabla ya mkutano. Karani alipekua mafungu yote mbele yangu, hata yale ya misheni. Hapakuwa na barua.

Mkutano ulifanyika uwanjani mwa shule. Kaka Thomasi alikaa mezani na katibu wake Piusi. Mzee Josephati alisimama kwanza, akaeleza habari za ndama wake. Akasema amemwona Matano kwa macho yake akichota maji mtoni kwa kopo la dawa.

Mzee Matano akasimama. Alivaa kanzu iliyopigwa pasi. "Kopo ni kopo," akasema. "Dawa iliisha mwaka jana, na madukani hakuna. Mnajua hakuna, maana hata sabuni hamna. Nachotea maji kwa kopo tupu. Njooni mlinuse."

Watu wakaguna. Hakuna aliyekwenda kulinusa.

Nikaomba kusema. Nilikuwa na yule samaki mkavu kwenye sahani, nimemfunika kwa kitambaa. Nikamfunua, nikawaeleza habari zake: kwamba si wa mto huu, kwamba nilimkuta na vishaba watatu tumboni, kwamba katoka kidimbwi cha juu, na kwamba kuna mtu aliyewaleta kwa gari mwaka wa sabini na moja.

"Mtu gani?" Thomasi akauliza. Alijua, nadhani. Alikuwa ameshika kalamu kwa mikono miwili.

Bibi alikuwa mbele, amekalishwa kwenye kiti pamoja na akina mama. Akageuza uso wake kufuata sauti yangu. "Cresensia anasema nini?" akamwuliza aliyekaa karibu naye. "Anasema mtu gani?"

Baba Mdogo, nilimtazama Bibi. Katika mawazo nilikuona ukimshika mama yako mkono. Nikaona mapipa manne, na kisha nikasikia ile simu yako, usiseme lolote, barua yaja.

Mzee Matano akanigeukia. Hakukasirika. "Mwalimu," akasema, "kama unamjua, mtaje."

Nikakaa chini.

Basi ikawa kama unavyofikiri. Piusi akasema huyo samaki anaweza kuwa wa kununuliwa sokoni, na mimi nimekula chakula cha Matano miaka yote. Kura zikapigwa kwa kunyoosha mikono. Mzee Matano alipewa siku saba za kuhama, lakini asubuhi yake Haji alikuja na pikapu wakapakia vitu. Mama Mwajabu hakuniaga. Alipita mbele ya mlango wangu akiwa amebeba mkeka, akatazama mbele.

Vijana walikwenda kuvunja mlango wa mfereji wake ili maji ya "sumu" yasipite tena. Jumatatu nilishuka kuangalia. Mfereji ulikuwa umekauka nusu, na ndani ya tope kulikuwa na kitu kinarukaruka na kung'aa. Nilidhani ni vipande vya bati. Walikuwa vishaba, Baba Mdogo. Walijaa mfereji mzima. Mzee Matano alikuwa ameweka chekeche la matete pale maji yanapoingia, kuzuia majani. Vishaba walipita, wale wakubwa hawakuweza. Watu wamemfukuza mtu ambaye kwake ndiko samaki hao walikokuwa wamekimbilia.

Nilivua viatu nikaingia na sufuria. Niliokota mpaka mikono ikawa mizito. Wengi walikufa tukitazamana. Waliofika kwenye tangi la shule wakiwa hai ni sitini na tatu.

Nilijiahidi kusema, na sikusema. Sitakulaumu kwa hilo. Lakini ile barua iko wapi?

Cresensia


Musoma,
26 Septemba 1982

Mwanangu Cresensia,

Marahaba. Soma barua hii mbele ya mkutano, yote, hata pale panapoumiza.

Mwaka wa 1971 nilikuwa Bwana Samaki msaidizi, kazini nina miezi minane. Nilipewa mapipa manne ya vifaranga vya samaki kutoka Arusha, niwapeleke kwenye bwawa la mifugo upande wa Mbulu. Samaki wale si wa nchi hii. Ni wala nyama, waliletwa na wageni zamani kwa ajili ya kuvua kwa mchezo, na ilisemekana watakuwa chakula. Amri ilikuwa wazi: wawekwe bwawani, pasipo na mto unaotoka.

Gari lilivunjika ekseli ukingoni mwa msitu wetu. Dereva alikwenda Karatu kwa miguu kutafuta msaada. Nilibaki nikiwasikiliza wakigonga kuta za mapipa, kisha wakaanza kuelea. Nilikuwa kijana, nimepewa kazi ya kwanza ya peke yangu, na ilikuwa inafia mikononi mwangu. Chemchemi ilikuwa pale, hatua mia mbili. Nilijua ni ya nani. Nilijua kishaba yuko chini yake. Nikajiambia ule ukingo wa mawe utatosha, tena ni kwa siku moja, kesho nitarudi na nyavu niwatoe.

Sikurudi. Niliandika kwenye taarifa kwamba vifaranga wote wamewekwa bwawani wakiwa hai. Taarifa ile ilisifiwa, nikapandishwa cheo na kuletwa ziwani. Baada ya miaka michache nikaamini kabisa kwamba wamekufa. Uliponiandikia kwamba vishaba wamekwisha nilijua kabla sijamaliza mstari.

Kuhusu shamba, ni kweli niliandika. Nilipoandika mara ya kwanza sikuwa na ubaya, nilitaja la Matano kwa kuwa ndilo lenye maji mazuri. Lakini barua yako ya Machi ilipofika niliona Matano akiondolewa kwa kosa langu, na mimi nikikaa mahali pake, na sikuandika kusema la. Huo ndio ukweli wangu.

Mzee Matano hana hatia. Wilibrodi ndiye aliyewaleta wale samaki. Mama asamehe.

Wilibrodi


Endahari,
28 Novemba 1982

Baba Mdogo,

Shikamoo. Mvua zimefika, safari hii zimekaa. Bibi anakula vizuri.

Barua yako uliyoiandika tarehe 26 Septemba niliipokea tarehe 11 Novemba. Thomasi aliponiona nayo alijua ni nini. Akasema, "Ichome. Mkutano umekwisha, watu wamesahau." Nikamwambia Mama Mwajabu hajasahau. Hakunibishia. Nadhani amechoka pia kuibeba ile ya kwenye koti.

Nilianza kwa Bibi. Nilimsomea nyumbani kwake, sisi wawili tu, ili asiisikie kwanza uwanjani. Aliweka kikombe cha chai chini. Kisha akauliza, "Alikuwa na umri gani mwaka huo?" Nikamwambia ishirini na tano. Akasema, "Mkubwa wa kutosha." Ndivyo tu alivyosema, na Jumapili ya tarehe 21 aliomba apelekwe mkutanoni, akakaa mahali pale pale.

Nikaisoma yote. Nikasema pia kwamba siku ile nilijua jina na sikulitaja. Mzee Josephati alitazama viatu vyake. Piusi alitaka kujua kama barua ina muhuri wa ofisi, watu wakamwambia anyamaze. Ikaamuliwa Mzee Matano arudi, na mlango wa mfereji ujengwe upya kwa nguvu za kijiji, pamoja na chekeche lake. Umeshajengwa. Vishaba hamsini na wanane wamo humo, watano walikufa tangini.

Nilitumwa Karatu kumwarifu. Nilimkuta barazani kwa Haji, anachambua maharage. Alinisikiliza mpaka mwisho. Nikampa barua yako aisome mwenyewe, akanirudishia bila kuifungua.

"Barua haina uso," akasema. "Nilisimama mbele ya watu wote na kanzu yangu. Huyo aliyefanya, aje asimame. Nikimwona, nitajua kama nirudi."

Mama Mwajabu aliniletea chai. Aliiweka chini, akaingia ndani. Lakini aliitia sukari, na sukari unajua hali yake.

Sasa nina swali moja, na baada ya hili sina jingine. Bahasha yako ninayo. Ndani umeandika 26 Septemba. Muhuri wa posta ya Musoma juu ya stempu unasomeka vizuri kabisa: 25 Oktoba. Nilimwonyesha karani wa Karatu. Akasema tarehe ya muhuri hubadilishwa kila asubuhi, haikosei mwezi mzima.

Barua yangu ya tarehe 17 kukuambia kwamba mkutano umepita ingekuwa imekufikia siku kama hizo.

Cresensia


Musoma,
9 Desemba 1982

Mwanangu Cresensia,

Marahaba. Mama Mdogo wako anakusalimu. Amesoma barua zote, nimempa mwenyewe.

Muhuri haukosei.

Niliiandika siku ile ile niliyotaja, Jumapili baada ya misa, na nikaifunga. Jumatatu niliitia mfukoni ili niipitishe posta nikienda kazini. Posta iko njiani, sipotezi hata hatua kumi. Nilipita nayo. Jumanne nilipita nayo. Nilijiambia foleni ni ndefu, kesho. Nikajiambia stempu ni ndogo, kesho. Tarehe 9 Oktoba ilipofika nilikuwa ofisini, nikatazama saa, nikafikiri, sasa wanakaa, sasa Thomasi anafungua. Usiku wake nililala usingizi mzuri. Hilo ndilo ninaloliona haya kuliko mapipa.

Barua yako ya mkutano ilinifikia tarehe 25. Niliposoma kwamba ulikaa chini, nilifahamu kuwa nimekufundisha hata kunyamaza. Nilitoka ofisini bila kuaga nikaenda kuitia sandukuni. Nilitaka uamini ilichelewa njiani. Ndiyo maana sikuibadilisha tarehe.

Mkubwa wangu wa kazi nimemweleza kwa maandishi habari za 1971. Hajajibu. Huenda kiinua mgongo kikapungua, huenda nikaitwa kujieleza. Thomasi nimemwandikia kwamba sitaki shamba Endahari, lile wala jingine lolote.

Vishaba wasirudishwe mtoni kwanza. Chekeche lisafishwe kila siku mbili, matete yakilegea yabadilishwe kabla hayajaoza. Nakuja na nyavu za macho ya aina mbili, mapana na madogo. Kidimbwi cha juu tutaanza nacho, kisha kila kina mpaka daraja la magogo. Hatutawamaliza mwaka huu, wala ule ujao. Nimeomba likizo yangu yote iliyolimbikizwa.

Nitapanda basi la Jumatano, tarehe 22. Nikijaliwa nitakuwa Karatu Alhamisi mchana. Usije kunipokea, na Thomasi asije. Nikishuka nitakwenda moja kwa moja barazani kwa Haji. Mzee Matano akikataa mkono wangu, nitasimama. Akinitukana, nitasikiliza mpaka amalize. Mwambie Mama asinisubiri kwa chakula, maana sijui kama nitaruhusiwa kuondoka pale siku hiyo hiyo, au ya pili yake.

Wilibrodi